Machozi ya Kurudia

Walikutana Jumamosi dukani kwa vifaa vya filamu, watu wamebanana mpaka mlangoni, kila mmoja wao wawili kashika ncha ya manyoya yaleyale ya kuvisha maikrofoni isipigwe na upepo.

"Dada, niachie paka wangu," alisema kijana mwenye shati jeupe la mikono iliyokunjwa, akiyavuta manyoya.

"Paka gani anashikwashikwa na kila mtu?"

Kijana alikuwa fundi sauti. Dada, mtengeneza filamu. Hazikupita siku nyingi wakawa wanaitana mpenzi kwenye simu, na fundi akaingia kwenye kazi iliyomnyima dada usingizi: filamu ya baba yake, mwimbaji wa mapenzi aliyetamba enzi zake.

Baba huyo, ptuu! Alikuja sebuleni na koti la kumetameta, jasho linanuka chini ya marashi. Akatema kohozi kwenye leso, akaitia mfukoni, kisha akasimulia mwanawe wa kwanza alivyofariki yeye akiwa ziarani. Akalia. Mama, aliyekuwa amesimama na sinia la chai, akalia naye.

"Angalau leo amemlilia mwanangu," mama alimnong'oneza fundi, kisha akarudi jikoni.

Mzee akakausha uso papo hapo. "Yametoka vizuri? Kama hayakutoka, tuyarudie."

Binti aliona kinyaa. Lakini moyoni alijua filamu yake ameipata: maneno hayo ndiyo yatakayomvua mzee nguo mbele ya watu.

Kesho yake akayatafuta kwenye rekodi. Hayapo.

"Nimeyafuta," fundi alikiri kwenye simu.

"Mzee kakuhonga nini? Lile koti?"

"Mpenzi, mama yako angeyasikia..."

"Usiniite mpenzi! Mnanitia kinyaa, wewe na yeye." Akakata.

Mama alimkuta jikoni, macho yamevimba.

"Unamfukuza kijana wa watu kwa ajili yangu? Mimi si kiziwi, mwanangu. Ukuta huu ni mbao tu, na ya baba yako niliyasikia. Mwite, uwashe kamera."

Fundi akaja, akabana kinasa sauti kwenye ukosi wa gauni la mama.

"Siku ya mazishi alilia hivyohivyo," mama alisema. "Kisha akamwuliza mpiga picha wa gazeti, 'Umenipata?' Mimi nimeshika udongo mkononi. Jana nikajidanganya, labda uzee umemlainisha. Kumbe! Mume wangu ananitia kinyaa. Haya, hilo usilifute."

Fundi alitoka nje, binti akamfuata mpaka getini.

"Nisamehe," alisema fundi. "Nilimfichia mtu asiyeomba kufichiwa."

"Nami nilikutukana bure."

"Nataka kukuoa. Ila mwenzio nalia ovyo. Siku ya harusi nitakuaibisha."

Binti akamtazama. Kamasi zilikuwa zinamchuruzika, wala hakukumbuka kuzifuta.

"Lia tu, mpenzi," alimwambia. "Siku hiyo kamera nitaiacha nyumbani."