Faili Lenye Jina la Kagendo

Abshir hakuwa na lori kama wajomba zake. Hakuwa na mke, hakuwa na suti, hakuwa na cheti ila kile cha kozi ya kompyuta ya wiki sita. Hata subira hakuwa nayo, na ukosefu huo ndio uliokaribia kumharibia maisha mwaka 1988.

Alimwona Kagendo katikati ya soko la Isiolo, kwenye safu ya akina mama wauza maziwa, amevaa rinda la kijani na viatu vya kisigino vilivyojaa vumbi.

"Hayo maziwa ni ya ngamia, dada," Abshir akamwambia.

"Nani amekuambia sijui?" alijibu Kagendo, ingawa hakujua. Akanunua, akanywa, akakunja uso. Wote wawili wakacheka.

Jumatatu wakakutana tena: Kagendo ndiye taipisti mpya wa mradi wa mifugo, na Abshir ndiye mtunza kompyuta. Baada ya miezi sita kila mtu ofisini alijua. Kagendo alikuwa akimpigia simu kutoka chumba cha pili, hatua kumi tu, kumuuliza kama mpenzi wake amekunywa chai.

Siku moja, Alhamisi, disketi ikajaa. Programu yao ilikuwa na tabia mbaya: kwa kila barua iliacha faili dogo lililofichwa, lenye kichwa cha barua, jina la aliyeipiga chapa na tarehe. Mafaili hayo hayakuwa na faida, yalikula nafasi tu. Kazi ya Abshir ilikuwa kuyafichua na kuyafuta.

Yakajipanga kwenye kioo cha kompyuta. La tisa lilisema: Tangazo la ndoa na Kirimi. Kagendo. Jumanne.

Damu ikamwisha usoni. Abshir alimjua Kirimi, mwalimu kijana kutoka Meru aliyekuja ofisini mara mbili kumuulizia Kagendo. Barua yenyewe ilikuwa palepale kwenye disketi. Hakuifungua. Aliifuta pamoja na faili lake.

Tangu hapo simu ikilia aliinua mkono wa simu na kuurudisha mahali pake.

Jumamosi asubuhi Kagendo aliingia bila kubisha.

"Barua ya Gaceri iko wapi?"

"Gaceri gani?"

"Binamu yangu. Anaolewa na Kirimi. Padre anatangaza kesho, na barua siioni."

Kwa sauti ndogo Abshir akauliza mbona jina lilikuwa la Kagendo.

"Kwa sababu vidole ni vyangu. Ukienda kuswali adhuhuri, mimi hapa naandikia watu barua. Hiyo mashine inajua nani ameandika. Haijui nani anaolewa."

"Nimeifuta."

Kagendo akakaa chini polepole. "Ulidhani ni mimi. Ukanyamaza siku mbili, na mimi nakupigia."

"Nilishtuka."

"Sasa nimeshtuka mimi. Uliona ni rahisi kunifuta kuliko kuniuliza."

Aliipiga barua upya bila kumtazama. Abshir aliipeleka mwenyewe kwa baiskeli hadi kwa padre, jasho likimtoka, akaomba radhi kwa kuchelewa. Aliporudi alimkuta Kagendo bado ameketi, mkoba mapajani, macho mekundu.

"Kirimi alimwandikia baba yake Gaceri barua ya posa tangu mwaka jana," alisema. "Baba yangu anakujua wewe?"

"Mimi ni Mwislamu, Kagendo. Atasema nini?"

"Muulize yeye. Mimi nilishakujibu zamani."

Abshir akasogea kwenye kompyuta. Kagendo akaizima.

"Kwa mkono wako, Abshir."

Akaandika kwenye karatasi ya mistari, akaharibu mbili. Katika ya tatu alimsalimu mzee kwa heshima, akajitaja jina lake, la baba yake na dini yake, akaomba wajomba zake wakaribishwe nyumbani kwake Nkubu, Meru, kuzungumza. Kagendo alisoma, kisha akamkabidhi bahasha.

Abshir akalamba gundi, akaifunga, akaibonyeza kwa kiganja. Saa sita kasorobo karani wa posta aliipiga muhuri na kuitia kwenye gunia la barua za Meru.