Pilau ya Harusi ya Kibe

Miiko ndiyo iliyoanza. Kila jioni Nyawira aliosha vyombo vyake mwenyewe na kuvifudikiza juu ya meza, na asubuhi moja akaikuta miiko yote imelowa. Hayakuwa maji. Ulikuwa ute mzito ulionata vidoleni na kuvutika kama gundi, nao ulinuka kama kinywa cha mtu aliyeshinda na njaa siku nyingi. Kila mwiko ulikuwa umelambwa kuanzia mpini hadi ncha.

Alidhani ni paka. Jikoni kwake kulikuwa nyuma ya nyumba ya kupanga karibu na Dagoretti Corner, na paka hawakukosekana pale. Akaichemsha miiko kwa maji ya sabuni, akanyamaza. Ilikuwa wiki ya harusi na hakutaka maneno. Ndugu yake Kibe, kitinda mimba wa mama yao, alikuwa anaoa Jumamosi katika kanisa moja mjini. Nyawira, ambaye kazi yake ilikuwa kupikia watu sherehe, alikuwa amesema mbele ya jamaa zote kwamba chakula cha siku hiyo kingetoka mkononi mwake.

Ijumaa nyama ililetwa kutoka kichinjioni. Ilikuwa safi, bado ina joto. Nyawira akaifunika, akaenda kuchambua mchele, na aliporudi akakuta paja moja la mbuzi lina alama za meno. Zilikuwa ndogo na nyingi, zimeingia hadi kwenye mfupa.

"Panya," akasema Caren, msichana aliyekuwa msaidizi wake kwa miaka mingi. Lakini alisema kwa sauti ya chini, akitazama nyuma yake. Alikata sehemu ile akamtupia mbwa wa landilodi.

Jumamosi asubuhi Mgeni akaja kupika pilau. Mgeni alikuwa jirani, mwanamke wa Mombasa, na mtaa mzima ulijua mkono wake. Iliki, mdalasini na kitunguu vilinukia hadi barabarani. Ni Caren aliyeonja, kama kawaida yake, akasema chumvi imetosha. Kisha Sadiq, dereva, akapakia masufuria kwenye pikapu na kuondoka kuelekea ukumbi wa sherehe mjini kabla msongamano haujaanza.

Nyawira alikuwa amelivaa nusu gauni lake la kwenda harusini, zipu bado wazi mgongoni, aliposikia kitu kikitafunwa nyuma ya jikoni. Ilikuwa sauti ya mifupa midogo.

Alipotoka nje alimwona mbwa kwanza. Alikuwa amelala ubavu kando ya ukuta, anautafuna mguu wake mwenyewe wa nyuma, polepole, bila kulia, na alikuwa amefika gotini. Pembeni yake Caren alikuwa amepiga magoti juu ya shimo la maji machafu. Alikuwa ameondoa kifuniko. Mikono yake ilikuwa imezama ndani hadi kwenye viwiko, na alikuwa akichota ule uchafu, maganda yaliyooza, mafuta yaliyoganda, nywele, mchanganyiko wa kijivu wenye mapovu, na kuusukuma kinywani kwa viganja viwili, anameza bila kutafuna, unamtoka puani na bado anameza.

"Caren," Nyawira akanong'ona.

Caren akageuka. Akalamba kiganja chake kikawa safi, halafu akaingiza kidole kidogo kinywani na kukiuma. Hiyo ndiyo sauti ambayo Nyawira alikuwa ameisikia.

Mgeni akamshika Nyawira bega kutoka nyuma. "Usimkaribie. Simama hapo hapo." Akavua leso yake, akainyoosha mbele kama mtu anayemwendea ng'ombe mkali, na kwa upole akasema, "Wewe uliye ndani ya mtoto huyu, amani kwako. Umekosewa nini?"

"Njaa," sauti ikajibu. Ilikuwa sauti ya mwanamke mzee, yenye majimaji, kama ya mtu anayesema na tonge kubwa mdomoni. "Huyo alinimwagia mafuta yanayochemka. Wakati wa magharibi, bila hata hodi. Wanangu walikuwa wamelala."

Nyawira alikumbuka. Mwanzoni mwa wiki alikuwa amemwaga karai zima la mafuta ya kukaangia mle shimoni ili kuua mende. Alisikia kitu kikilia kama paka wachanga, akafunika, akaingia ndani.

"Nimetemea chakula chake," sauti ikaendelea. "Kila atakayekila ataona njaa yangu. Jua likizama watakuwa wamejila, na waliobaki watakula wenzao. Nami nitashiba."

Mgeni alimrukia Caren, akamfunga mikono kwa leso, akamkalia mgongoni. "Nenda," akamwambia Nyawira, huku akihema. "Chakula kisiliwe. Mimi nitampigia kaka yangu Twahir. Ni maalim, anasomesha watoto huko huko mjini, atafika kwa miguu kabla yako."

Nyawira akampigia Sadiq. Simu ilikuwa imezimwa. Akampigia Kibe, akampigia msimamizi wake, na wote hawakupatikana, kwa sababu walikuwa kanisani. Alipanda teksi kituoni, na walipofika Adams Arcade magari yakasimama kabisa. Akakaa akitazama nyuma ya lori moja, akiwaza mama yake akishika kijiko, shangazi zake, watoto wa jirani waliovalishwa soksi nyeupe. Akamlipa dereva na kushuka. Alikimbia akiwa ameshika viatu mkononi, na mwanamume mmoja aliyekuwa akisambaza magazeti kwa pikipiki alipomwona vile alisimama bila kuambiwa.

"Kuna mgonjwa?" akauliza.

"Watakuwa wengi. Tafadhali, twende town."

Walikuwa wakipenya katikati ya magari simu ilipolia. "Mama, ni Twahir, kaka yake Mgeni. Nimefika mlangoni, lakini vijana wa mapokezi wamenizuia. Wanasema haingii mtu bila mwaliko."

"Wameshaanza kupakua?"

"Naona sahani zikipita."

"Waambie umetumwa na dada ya bwana harusi."

"Nimewaambia. Wanacheka."

Pikipiki ilipofika mbele ya ukumbi, Nyawira aliruka kabla haijasimama. Mlangoni alimwona mzee mwembamba mwenye kanzu na kofia, chupa ya maji mkononi, akibishana taratibu na vijana wawili wenye tai. Akapita katikati yao akimvuta kwa mkono. Ndani palikuwa kimya. Watu walikuwa wamesimama, macho wameyafumba, kila mmoja na sahani iliyojaa mbele yake, kwa maana mzee wa kanisa aliyepewa kuombea chakula alikuwa ameanza na maharusi, akaenda kwa wazazi, na sasa alikuwa akiombea nchi.

Ndipo Nyawira akaisikia harufu. Chini ya iliki na mdalasini, chini ya mvuke wa nyama, kulikuwa na kile kinywa, kinywa kikubwa kilichofunguliwa juu ya meza zote, kikipumua polepole, na mate yake yakimeta juu ya kila punje ya mchele ambao watu wale walikuwa wakiungojea kwa hamu, watoto wakiufungulia jicho moja, wazee wakiumezea mate.

"Amina," mzee akasema.

Nyawira akalipiga teke sufuria la kwanza, likapinduka. Akasukuma la pili kwa mikono yote miwili, likamchoma, akalisukuma tena. Alifika meza kuu na kumpokonya Kibe kijiko kikiwa karibu na midomo.

"Wee, Nyawira," Kibe akasema kwa sauti ya chini, kwa aibu. "Unafanya nini mbele ya wakwe?"

"Usile. Mtu asile."

Mama mkwe wa Kibe akainua sahani yake kwa hasira. "Hiki chakula kiko sawa kabisa," akasema. "Hebu mtoeni huyu."

Maalim Twahir hakubishana na mtu. Alikuwa tayari amepiga magoti kando ya pilau iliyomwagika, akisoma kwa midomo. Akafungua chupa yake ya maji ya chumvi, akanyunyiza. Mchele ukaanza kutoa jasho. Punje zikanata, zikavutika nyuzi nyuzi zenye ute wa kijivu, na nyama zikafunguka kama majipu, ndani zimejaa usaha na nywele. Harufu ikapanda. Bi harusi alitapika juu ya shela lake. Sahani zikaanguka ukumbi mzima, na watu wakakimbilia madirishani wakiwa wameziba pua.

"Kuna aliyekula?" Maalim akauliza. "Yeyote, hata kidogo."

Wakatazamana. Kisha uso wa Kibe ukabadilika. "Mama," akasema. "Ana sukari, hawezi kukaa njaa. Nilimtumia sahani mapema, kule garini anakopumzika."

Nyawira hakungoja asikie zaidi. Gari lilikuwa mwisho wa uwanja, vioo vimepandishwa. Mama yao alikuwa ameketi kiti cha nyuma, kilemba chake cha maua kimekaa sawa, sahani tupu mapajani. Alikuwa ameilamba hadi rangi ikatoka. Sasa alikuwa amekiweka kidole gumba kati ya meno, anakipima.

"Mama, hapana."

"Nyawira wangu," mama akasema kwa upole. "Mbona nasikia njaa hivi?"

Nyawira alimtoa kidole kinywani, kikarudi. Akakitoa tena. Mama alikuwa na nguvu ambayo haikuwa yake. Nyawira akatazama nyuma. Maalim alikuwa anakuja, lakini alikuwa mzee, na uwanja ulikuwa mrefu. Basi akaingia garini, akakunja mkono wa gauni lake jipya, akauweka mkono wake mwenyewe kinywani mwa mama yake.

Mama aliuma. Nyawira hakuuondoa. Alimshika kichwa kwa mkono mwingine, akimpapasa kama alivyopapaswa naye utotoni, mpaka Maalim alipofungua mlango na kuanza kusoma. Mama akalegea, akatapika. Kitu kilichomtoka kilikuwa kamba ndefu ya nywele na mafuta, na kilijikunja chini ya kiti kikitafuta giza. Maalim akakikanyaga.

Mama akaona damu mkononi mwa binti yake na kuanza kulia. Hakujua ni ya nani.

Nyawira na Maalim walirudi Dagoretti Corner kwa pikapu ya Sadiq, jua limeshainama. Caren alikuwa bado chini, Mgeni juu yake, wote wawili wamechoka. Vidole viwili vya Caren havikuwapo.

"Umemwaga chakula changu," sauti ikasema.

"Nimemwaga," Nyawira akajibu. "Na wewe nilikukosea. Unataka nini umwache huyu?"

Caren akageuza uso kuelekea shimoni. "Nitolee wanangu."

Maalim alitikisa kichwa kumzuia, lakini Nyawira alikuwa ameshalala kifudifudi ukingoni. Akaingiza mkono mzima, ule wenye jeraha, ndani ya ule uvuguvugu. Uchafu ukamfika begani, shavu lake likagusa sementi yenye utelezi, na mafuta yaliyoganda yakapita kati ya vidole vyake kama ulimi. Akapapasa. Alipata kitu kigumu, kidogo, kilichokauka, akakitoa. Mkononi hakikuonekana, lakini leso ya pili ya Mgeni, ile ya kichwani, ilipokipokea ilishuka kwa uzito. Akapata cha pili, kimekunjamana vilevile. Yule wa ndani ya Caren akaanza kuomboleza, maombolezo ya mama yeyote yule, na Mgeni naye akajikuta analia.

Nyawira akaingiza mkono mara ya tatu. Chini kabisa, kitu laini kilimgusa ncha ya kidole. Kilikuwa na joto. Kikakishika kidole chake, na taratibu, bila meno, kikaanza kunyonya.

Akakikunja kiganja, akakikinga kile kitu kwa uangalifu ili kisigonge ukingo, akakipandisha juu.

"Huyu yuko hai," akasema.