Miguu Haipigi Kura

Kila alfajiri Namnyaki alikamua ng'ombe wake huku nusu yake ingali usingizini. Ukungu ulishuka polepole kutoka Mlima Meru. Ulifunika migomba, ukafunika zizi, mpaka pembe za ng'ombe zikawa zinaelea peke yake. Maziwa yaliimba ndani ya ndoo, na Namnyaki aliota macho wazi. Aliota gari la maziwa likipanda kilima jioni, taa zake zikija taratibu ndani ya ukungu.

Gari la jioni halikuwepo. Chama chao cha ushirika wa maziwa, huko juu ya Sakina, kilipokea maziwa asubuhi tu. Ya jioni yalilala nyumbani yakaganda. Watoto walikunywa mtindi mpaka wakaanza kuukimbia. Uliobaki ulimwagwa, na kila ulipomwagwa Namnyaki aliumia.

Ndipo ukaja uchaguzi wa bodi. Nafasi moja iligombewa na watu wawili. Fransiska, mfugaji mwenzake, alisema, "Mkinichagua, nitadai kituo kifunguliwe na jioni."

Mzee Tajeu hakuona haja. "Maziwa ya jioni ni ya nyumbani," alisema. "Ndivyo tulivyoyakuta."

Na mzee Tajeu alikuwa baba mkwe wake Namnyaki.

Siku ya mkutano mkuu, katibu wa chama aliyatazama mawingu. "Jamani, mvua hii haitatusubiri," alisema. "Karatasi za nini? Anayemtaka mzee asimame nyuma yake. Anayemtaka Fransiska asimame nyuma ya Fransiska. Tuhesabu, twende zetu."

Watu wakapanga mistari. Namnyaki akabaki katikati. Moyo wake ulikuwa kwa Fransiska. Lakini mzee Tajeu ndiye ambaye Namnyaki alimwinamishia kichwa kila asubuhi kwa heshima, naye akakigusa kwa kiganja chake. Leo ampe kisogo mbele ya kijiji kizima? Miguu ikaenda yenyewe, kama ya mtu anayetembea usingizini. Aliposhtuka, alikuwa nyuma ya mkwe wake.

Mzee alishinda kwa tofauti ya mtu mmoja. Namnyaki alimjua mtu huyo.

Siku ya pili jirani yake, mama Elifuraha, alimkuta ameshika ndoo, haoni wala hasikii. Mama huyu aliwahi kuwa karani wa chama cha ushirika wa kahawa.

"Namnyaki, unaota?"

"Naiota miguu yangu, mama. Naiambia nenda huku, inakwenda kule."

Mama Elifuraha akacheka. "Si yako peke yake. Na mistari ile ilikuwa kinyume cha masharti."

"Masharti gani?"

"Sheria za chama chetu tulizojiwekea wenyewe. Kijitabu ninacho. Si umemaliza darasa la kisomo? Soma."

Namnyaki akafuata maneno kwa kidole. "Uchaguzi wa bodi... utafanywa kwa kura ya siri. Kila mwanachama... atakuwa na kura moja." Akainua macho. "Kura ya siri ndiyo ipi hasa?"

"Unapewa karatasi. Unatia alama ukiwa peke yako, unaikunja, unaitumbukiza sandukuni. Hakuoni mkwe, hakuoni mume, hakuoni hata mchungaji. Miguu haipigi kura, mwanangu. Miguu inaonekana."

"Lakini yamekwisha. Maji yakimwagika hayazoleki."

"Hayo ni maji! Masharti yetu yanatoa siku saba za kuweka pingamizi. Tunamwandikia barua afisa ushirika. Tunaeleza kilichotokea, tunataja kifungu kilichovunjwa, wanachama wanatia saini. Hakuna matusi, hakuna ngumi."

"Nimpinge baba mkwe?"

"Humpingi mzee. Unapinga mistari."

Usiku kucha Namnyaki aliliwaza neno hilo. Kulipokucha alimwendea mzee Tajeu zizini, barua na kijitabu mkononi.

"Shikamoo, baba." Akainamisha kichwa.

"Marahaba." Kiganja kikagusa.

"Baba, kuna barua nataka kuitia saini. Kwanza nikusomee hili."

Akasoma kifungu chote. Ukungu ukapita kati yao, ukamfuta mzee, ukamrudisha.

"Ukurasa wa mwisho kuna nini?" akauliza.

"Majina ya waanzilishi, baba. Na alama za dole gumba."

Mzee akainama. Akaweka dole gumba lake kando ya alama ya kwanza, akalitazama sana.

"Hili ni langu," alisema. "Nilibandika bila kujua ninabandika kwenye nini." Akacheka kidogo, kwa haya. "Mtu hawezi kulikana dole lake. Peleka barua."

Afisa ushirika alikuja, akasikiliza pande zote, akasoma kifungu. Uchaguzi wa nafasi ile ukafutwa, ukapangiwa siku nyingine. Safari hii kulikuwa na karatasi, sanduku, na kanga iliyofungwa pembeni kama pazia. Nyuma ya kanga ile Namnyaki alisikia kimya kile kile cha alfajiri. Hakuna aliyemwona. Mkono wake ulikuwa macho kabisa. Akatia alama.

Fransiska alishinda kwa tofauti ya kura tisa. Kumbe waliokuwa wametembea usingizini walikuwa wengi!

Mwezi uliofuata kituo kilianza kupokea maziwa ya jioni. Siku ya kwanza Namnyaki alisimama kando ya barabara na ndoo yake. Akamwona mzee Tajeu akija, naye amebeba kitu chini ya shuka. Akainamisha kichwa. Kiganja kikakaa juu ya kichwa chake kwa muda mrefu kuliko siku zote.

"Sikuulizi ulimpigia nani," mzee alisema.

"Ndiyo, baba."

"Wala usiniambie."

Kisha akaifunua shuka. Ilikuwa ndoo, imejaa mpaka juu.

"Na haya yangu," alisema, "yapande gari."

Huko chini taa mbili zilikuwa zinapanda ndani ya ukungu. Namnyaki aliipokea ndoo kwa mikono miwili.