Anayeumwa Zaidi Apite Kwanza

Fundi viatu na mkewe walikuwa na kitindamimba wa miezi minane. Asubuhi moja mama alimpa titi, mtoto akageuza uso. Alikuwa na homa tangu jana yake. Sasa alipumua haraka haraka, na mbavu zilikuwa zikibonyea.

Wakaenda hospitali. Pale watu walikuwa na desturi yao. Kila aliyefika aliweka ndala moja sakafuni mbele ya dirisha la faili, kisha akaketi kivulini. Ndala ndizo zilizopanga foleni. Ya mama ilikuwa ya thelathini na moja. Fundi alijivunia ustaarabu wake. Alimwambia mkewe kwamba kuruka foleni ni utovu wa adabu. Wakangoja saa mbili.

Mganga mkuu wa hospitali, daktari, alikuwa mwanamke wa makamo. Wauguzi walimwita Mchakamchaka, maana hakujua kutembea polepole. Akipita uani alimwona mtoto amelegea mapajani mwa mama yake. Akasimama.

"Mama, mbona hukusema?"

"Daktari, ndala yangu bado iko nyuma."

Daktari alimbeba mtoto mwenyewe, akakimbia naye wodini. Ilikuwa nimonia. Mtoto akawekewa oksijeni, akachomwa sindano. Siku ya pili akanyonya.

Hapo daktari aliketi na wazazi. Aliwaeleza dalili za hatari: mtoto hawezi kunyonya, anatapika kila kitu, ana degedege, amelegea, au anapumua kwa shida. Ukiona hata moja, usikae kwenye foleni. Mwambie muuguzi papo hapo.

"Na watu wakinitukana?" fundi akauliza.

"Tusi halichubui ngozi, baba. Kungoja ndiko kunakozika."

Wiki ile ile daktari alimweka muuguzi getini. Kazi yake ilikuwa kumtazama kila anayeingia, kabla ya faili. Karani wa faili alinuna. Alisema hospitali isiyoanza na faili ni soko. Daktari akamjibu kwamba faili lina miguu ya karani, litamfuata mgonjwa wodini. Watu walinung'unika, kisha wakazoea. Mwaka ule hakuna mtoto aliyefia kwenye foleni.

Ndipo wenyeji walipomwomba daktari agombee ubunge. Fundi alikwenda kumsihi abaki. Siasa ni tope, alisema, na wao wangebaki na nani?

"Mtabaki na muuguzi wa getini," daktari akasema. "Hapa nina geti moja. Nchi nzima ina mangapi?"

Akachaguliwa. Bungeni alitaka iwe sheria kwa kila hospitali: mgonjwa mahututi kwanza, faili baadaye. Mbunge mmoja alimtania kwamba pale si wodini. Hoja ikaanguka. Akairudisha, ikaanguka tena. Mara ya tatu alisoma idadi ya watoto waliokufa wakingoja, hospitali moja baada ya nyingine. Hakuna aliyecheka. Sheria ikapita.

Miaka michache baadaye mke wa fundi alimtembelea dada yake katika mji wa mbali. Mtoto wa dada akashikwa na degedege. Wakamkimbiza hospitali. Getini mke wa fundi hakuomba radhi kwa mtu.

"Huyu ana degedege," alisema kwa sauti.

Muuguzi alimpokea mtoto kabla ya kuuliza jina. Baadaye, mtoto alipotulia, mke wa fundi alimuuliza muuguzi kama anamfahamu daktari aliyeanzisha jambo lile.

"Simjui, mama. Mimi nimekuta ndivyo tunavyofanya."