Asante Kutoka Juu ya Bati

Lilianza na asante, neno dogo hilo tu, na mshonaji alipolisikia moyo ukamruka, maana mumewe, dereva wa lori, miaka kumi na moja ya ndoa hajamwambia asante hata siku aliyomzalia mapacha. Mashahidi tupo.

Walikuwa shamba, kwenye nyumba ya marehemu baba mkwe, bati limeoza, milango imelegea. Mama mkwe ndiye aliyewatuma huko likizo. "Nendeni wawili mkaitengeneze. Mkirudi bado mmenuniana, kila mtu ashike njia yake. Mimi nimechoka kuwasuluhisha."

Mshonaji hakutaka njia yake. Alimtaka mumewe.

Asubuhi ile alitoka na kopo la misumari, akaikuta nyundo inagonga juu, ko, ko, ko. Akasimama chini ya ngazi.

"Mke wangu, msumari."

Mkono ukashuka kutoka ukingoni mwa bati, akampa.

"Asante. Pole na jua, mama mapacha."

Akacheka. "We baba, leo umekula nini?"

"Nimekuona tu. Siku zote nilikuwa sikuoni."

Mkono ukashuka tena, na safari hii akauangalia vizuri, kiganja laini kama cha kichanga, hakina sugu wala mstari hata mmoja, cha baridi kwenye jua lote lile, kinanuka nywele zilizoungua, na kabla hajauachia akasikia geti linalia nyuma yake na dereva anaingia na mfuko wa saruji begani, jasho linamtiririka, anafoka, "Natoka alfajiri kwenda dukani, narudi hata chai hakuna! Unaongea na nani wewe?" na huko juu nyundo haijanyamaza, ko, ko, ko.

Mganga akaletwa mchana uleule. Akafukiza, akasoma, akakemea mpaka bati likatetemeka na ile harufu ikakata. Kisha akamvuta mshonaji pembeni, akanong'ona:

"Limetoka. Ila likikuita tena usiitike. Ukiitika, umelikaribisha."

"Linataka nini kwangu?"

"Hicho tu. Uitike."

Wakarudi mjini. Mama mkwe akauliza, "Haya, mmepatana?"

Dereva akajibu, "Bati halivuji."

Jumapili dereva alikuwa mezani, macho kwenye simu. Akaisukuma sahani. "Chumvi imezidi."

Juu ya dari, taratibu: ko, ko, ko.

"Mke wangu, pole na kazi. Naomba msumari."

Mshonaji akamtazama mumewe. Akamtazama sana, akingoja ainue uso, hata mara moja tu. Hakuinua.

"Abee," akaitika. "Nakuja."