Raundi ya Mwisho ya Farasi wa Mbao

Haya yalimpata rafiki yangu Coralie, kule Port Willoughby, pwani ya Australia. Bembea ya kuzunguka, ya farasi wa mbao, iliyokuwa ufukweni tangu enzi za babu yake ilikuwa imeuzwa. Kesho yake ingevunjwa na kupakiwa kwenye lori. Kila kipupwe, kama hicho, yeye huifungua mikanda ya matandiko, ile ya kuwafunga watoto, ili ngozi isipasuke, na kila jioni huisukuma bembea raundi moja isipate kutu.

"Raundi ya nini tena, dada?" kaka yake Mervyn alimdhihaki. "Mji umebaki wazee watupu. Unamchana maiti nywele?"

"Wewe nenda kazime umeme, maneno yako baki nayo."

Taa zikazimika. Coralie akasukuma gizani, bembea ikagoma. Alijua uzito wake ikiwa tupu. Huu ulikuwa uzito wa Krismasi, watoto wamejaa pomoni.

"Mervyn, shuka bwana!"

"Nishuke wapi? Mimi niko huku kwenye swichi!"

Akaisukuma kwa nguvu zote; mbao zikalia taratibu, hadi raundi ikaisha. Coralie akapapasa matandiko, moja baada ya jingine. Yote matupu, yote ya baridi. Lakini kila mkanda ulikuwa umefungwa, kwenye tundu la mwisho, lile la watoto wadogo.