Nguo Zilifika Zimepoa

Walikutana sokoni, kwenye uchochoro wa vitambaa, asubuhi ambayo ukungu wa zambarau ulikuwa bado umelala mtoni. Fundi wa kushona alivaa gauni la kijani lenye mikono mipana, la kujishonea mwenyewe, akitembea huku macho yako juu kwenye majora. Dobi alikuwa na beseni kichwani, limejaa nguo zilizotoka kwenye pasi. Wakagongana. Beseni likaanguka, na fundi akaangukia juu ya nguo, shavu likalala kwenye shuka yenye joto.

Hakuinuka upesi.

"Dada, umeumia?"

"Sijaumia. Ngoja kidogo, hapa pana joto zuri."

"Basi nikuletee na mto."

Fundi akacheka, na mapenzi yakaanzia hapo. Tangu siku ile kila nguo aliyoshona ilipelekwa kwa dobi ipigwe pasi ya mkaa, na dobi aliirudisha mwenyewe, mbio mbio, ingali moto. Fundi aliiweka kwanza shavuni, ndipo akaikunja. Hiyo ndiyo ilikuwa salamu yao.

Masika yalipokolea, nguo zikaanza kufika zimepoa.

"Umepitia wapi?" fundi aliuliza.

"Sikupita popote, laazizi. Nimeweka pasi chini nikaja moja kwa moja."

"Shati hili ni baridi kama jiwe la kisimani."

"Labda mkono wako ndio una homa."

"Usinifanye mtoto. Ulipiga simu mchana ukasema unatoka. Sasa jua linazama. Huyo aliyekushika njiani hana kazi ya kufanya?"

Dobi akaduwaa. Alikuwa na hakika kwamba hakusimama hata kufunga kamba ya kiatu. Akaitazama midomo ya fundi ilivyokaza, naye shaka ikamwingia. Mbona huyu anatafuta ugomvi? Juzi alikuta duka limefungwa, na jirani akamwambia fundi ameelekea kwa muuza vifungo, yule mwenye meno meupe na maneno mengi.

Kesho yake akampigia simu.

"Juzi nilikuja nikakuta umefunga."

"Nilikungoja mpaka kiti kikanichoka."

"Ulikuwa kwa yule wa vifungo."

"Nilikwenda kununua vifungo."

"Kila siku vifungo? Unashona nguo au unafuga vifungo?"

"Na wewe kila siku uko njiani. Njia gani hiyo isiyofika?"

Fundi akakata simu, akakaa akiitazama cherehani bila kuizungusha. Shangazi yake, aliyemlea, alikuwa akichambua nyuzi pembeni.

"Mwanangu, anayechelewa na uso mkavu namna hiyo ana mlango mwingine," alisema. "Mfuate uuone. Ukiuona, umwache kabla hajaja kujitambulisha kwangu."

Asubuhi moja fundi akajibanza nyuma ya meza ya muuza sufuria. Akamwona dobi akitoka na beseni kichwani, mvuke ukipanda kutoka kwenye nguo kama chungu kilichofunuliwa. Akamfuata. Dobi akapinda kona, na penye ukuta wa kinu cha unga akasimama.

Haya, fundi akajisemea, sasa atatoka.

Hakutoka mtu. Dobi alisimama kisigino kimoja juu, midomo imechongoka kwa mluzi ambao haukulia. Watu wakampita. Mvuke ukafifia, ukaisha. Njiwa akatua ukingoni mwa beseni, akajichokonoa manyoya kwa raha zake, akaruka. Kivuli cha ukuta kilichomfunika dobi mpaka kichwani kikashuka taratibu kifuani, magotini, kikaishia miguuni. Ndipo mluzi ukalia, naye akaendelea na safari kwa haraka ile ile.

Fundi alikuwa amesikia habari za ugonjwa wa mgando tangu utotoni. Hutoka kwenye ukungu wa zambarau, huwashika wanaoshinda mtoni, na mgonjwa huganda muda mrefu akidhani amepepesa jicho tu. Hauumi wala hauna dawa. Na watu hawaozi binti kwa mwenye mgando.

"Dobi."

Dobi akageuka. "Unanifuata? Umekuja kunichunguza?"

"Ndiyo. Gusa nguo zako."

Akatua beseni, akatia mkono. Akautoa, akautia tena. Akatazama jua lilipo.

"Lakini nimetoka sasa hivi," alisema polepole.

"Najua."

"Kwa hiyo siku zote zile ulikuwa kweli unaningoja."

"Na wewe ulikuwa hunidanganyi."

Fundi akafungua mkoba, akatoa koti la kijivu. "Hili ndilo lilikuwa likinipeleka kwa yule mwenye meno. Bado kutia vifungo tu."

Dobi akalivaa, likamkaa barabara. Akamshika mkono. "Mpenzi, nitakuwa nakupotea hivi hivi mbele ya macho yako. Kwa hali hii, je, utakubali..."

Na hapo akaganda.

Fundi akaujua mwisho wa swali. Akajinasua vidole, kimoja kimoja. Simu ikalia.

"Umemkuta na nani?" shangazi aliuliza.

"Yuko peke yake. Shangazi, ana mgando."

"Ondoka, mwanangu. Ondoka sasa hivi. Hatajua hata kama ulimsikia."

Ilikuwa kweli. Fundi akatembea mpaka kona, akageuka. Dobi alikuwa bado anapatazama pale pale alipokuwa amesimama yeye, kwa uso wa mtu anayeogopa jibu. Ukiondoka, akajisemea, utamkumbuka na uso huo. Ukikaa, utauona kila mara.

Akasimama pale kwa muda mrefu. Kisha akarudi. Akatoa vifungo mkobani, akatunga uzi sindanoni, akaanza kumshonea vifungo koti likiwa mwilini, kuanzia shingoni. Alipoinama kukata uzi kwa meno, alisikia moyo wa dobi ukipiga, pole pole mno. Alipomaliza akamfunga vifungo vyote, akarudisha mkono wake kwenye mkono wa dobi.

"...kuolewa na mimi?"

"Nitakubali."

Dobi akamkazia macho, ile shaka ya siku zote ikimrudia. "Mbona haraka hivyo? Hata hujafikiri. Hiyo ni huruma tu."

Fundi akagusa kifungo cha shingoni. Dobi akateremsha macho kifuani kwake. Akavipapasa vifungo, kimoja baada ya kingine, mpaka cha chini kabisa.

"Vyote hivi?" aliuliza kwa sauti ndogo.

"Nimefikiri," fundi alisema, "mpaka uzi ukaisha."